Mkopo wa nyumba milioni 80, marejesho milioni 267: kuna aliyewahi kupiga hesabu hadi mwisho?

#1 Mpangaji wa Tabata

Wakuu, habari za jioni.

Mimi na mke wangu tumepata barua ya ofa ya mkopo wa nyumba. Nyumba ipo Kibada, Kigamboni, vyumba vitatu, bei milioni 95. Sisi tuna 15, benki inatoa 80. Riba asilimia 16 kwa mwaka, miaka 20, marejesho 1,113,005 kila mwezi. Afisa mikopo alituelekeza vizuri tu na hatukuona tatizo, maana makato yanagawanywa kwenye mishahara yetu wote wawili na theluthi ya kila mshahara inabaki mkononi.

Jana usiku mke wangu akachukua simu akazidisha 1,113,005 kwa miezi 240. Ikaja 267,121,200. Akanigeuzia simu bila kusema neno. Kumbe riba peke yake ni milioni 187, karibu bei ya nyumba nyingine mbili kama hiyo.

Kodi tunayolipa hapa Tabata ni 450,000 kwa mwezi. Tuna siku 14 za kuijibu benki. Naombeni mnisaidie: hesabu hii ni sahihi? Na mliomaliza kulipa, mwisho wa siku nyumba iliwagharimu kiasi gani kweli?

#2 Kamanda Ubungo

Mkuu, naona benki imekosea na imekosea kwa faida yenu. Asilimia 16 mara miaka 20 ni 320. Milioni 80 mara 3.2 ni riba ya 256, ukijumlisha na mkopo wenyewe ni milioni 336. Wewe umeambiwa 267. Saini haraka.

#3 Mwalimu wa Namba

Kamanda, hapana. Hiyo ni riba bapa, ile inayopigwa kwenye mkopo wote wa mwanzo hadi siku ya mwisho hata kama umeshalipa nusu. Mikopo ya nyumba inapigwa kwenye salio lililobaki. Hesabu ya shemeji yetu ni sahihi kabisa, 267.

Mpangaji, tazama mwezi wako wa kwanza ulivyo. Asilimia 16 ya milioni 80 ni 12,800,000 kwa mwaka, gawa kwa 12 unapata 1,066,667. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza. Wewe umelipa 1,113,005. Kilichopunguza deni ni 46,338 tu. Mwezi wa pili riba inapigwa kwenye 79,953,662, kwa hiyo inashuka kidogo sana, na sehemu ya deni inapanda kidogo sana. Inakwenda hivyo kwa miaka.

Nimekuandalia ratiba:

Mwisho wa mwaka 1: umelipa milioni 13.4, deni limepungua laki 6.
Mwisho wa mwaka 5: umelipa milioni 66.8, deni limepungua milioni 4.2.
Mwisho wa mwaka 10: umelipa milioni 133.6, bado unadaiwa milioni 66.4.

Deni linafika nusu, yaani milioni 40, mwezi wa 191. Ni karibu mwaka wa 16.

#4 Nesi wa Temeke

Mwalimu, hapo kwa mwaka wa 10 umenishtua. Mimi nipo mwaka wa 6 wa mkopo wangu na siku zote najiambia nikifika nusu ya miaka nitakuwa nimemaliza nusu ya deni.

#5 Mwalimu wa Namba

Wengi wanaamini hivyo, dada. Omba benki ikupe ratiba kamili ya marejesho, mwezi kwa mwezi, na salio la leo. Ni haki yako.

#6 Fundi Chuma

Ndiyo maana nasema benki wanachukua riba yao yote kwanza. Ukishavuka miaka ya mwanzo riba imeisha, unalipa mkopo mtupu. Kwa hiyo ukipata hela katikati usihangaike kupunguza deni, haina faida tena.

#7 Mwalimu wa Namba

Fundi, kwa heshima zote, imani hiyo imewaumiza watu. Hakuna riba iliyochukuliwa kabla. Kila mwezi riba inapigwa upya kwenye salio la siku hiyo. Inaonekana kubwa mwanzoni kwa sababu deni ndilo kubwa. Salio likishuka leo, riba ya mwezi ujao inashuka, na ya kila mwezi unaofuata.

Mfano ni huu huu wa Mpangaji. Mwisho wa mwaka wa pili anadaiwa milioni 78.7. Tuseme amepokea kikoba au bonasi, akaweka milioni 5 moja kwa moja kwenye deni na marejesho yake akayaacha vilevile. Atamaliza miezi 54 kabla ya wakati, miaka minne na nusu. Milioni 5 zimemwokolea kama milioni 55 ambazo angelipa baadaye.

Au aongeze laki moja tu kila mwezi tangu mwezi wa kwanza. Miaka 20 inakuwa miaka 13 na miezi minne, na jumla inashuka kutoka milioni 267 hadi kama 194.

#8 Fundi Chuma

Laki moja inaondoa milioni 73? Nimezipiga mara mbili nikijua nitakukamata. Zimekubali. Nimejifunza kitu leo.

#9 Mama Tunu

Kabla ya kulipa kabla ya muda, someni mkataba. Mimi nilitaka kumaliza mapema nikaambiwa kuna adhabu ya asilimia fulani ya salio. Pia kuna benki ukipeleka hela ya ziada wanaiweka kama marejesho ya miezi ijayo, deni haliguswi. Lazima uandike barua kwamba fedha hizi ni za kupunguza deni la msingi na muda ufupishwe. Mimi hela yangu ilikaa miezi minne kwenye akaunti bila kufanya kazi yoyote.

#10 Mpangaji wa Tabata

Asanteni sana. Mama Tunu, hiyo ya barua sikuijua. Nitauliza kesho.

#11 Karani wa Mikopo

Nafanya kazi benki, sitaitaja. Mnazungumza riba na mnasahau gharama za kuingia. Kuna ada ya kuchakata mkopo, mthamini, wakili, kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya mkopaji na bima ya nyumba. Bima ya nyumba inalipwa kila mwaka kwa miaka yote 20. Mpangaji, zile milioni 15 zenu, je, ni za kujazia bei peke yake au na haya mengine yamo? Wateja wengi wanafika siku ya kusaini hawana hata ya wakili.

#12 Mpangaji wa Tabata

Ni za kujazia bei tu, mkuu. Hapo umetugusa.

#13 Binti Pangani

Sisi kwa mkopo wa milioni 60 tulitumia milioni 2 na laki 4 kabla hatujashika funguo. Tulikopa kwa ndugu. Deni la ndugu likatusumbua kuliko la benki.

#14 Ally Mtoni

Na bado kodi ya majengo, ile inayokatwa kwenye mita ya umeme ya LUKU, elfu moja kila mwezi. Na kodi ya ardhi.

#15 Kamanda Ubungo

Hapa nami narekebisha mtu. Ilikuwa elfu moja ilipoanza 2021. Tangu 2023 nyumba ya kawaida ni 1,500 kwa mwezi, na ghorofa ni 7,500 kwa kila sakafu. Mpangaji sasa hivi pia anakatwa, maana mita ndiyo inayokatwa, awe mwenye nyumba au mpangaji.

#16 Ally Mtoni

Sawa kamanda, umelipa kisasi cha #3.

#17 Mzee wa Mapinga

Vijana, mimi sijawahi kukopa benki. Nilinunua kiwanja Mapinga, nikajenga miaka 11. Msingi mwaka wa kwanza, nikapumzika. Boma likasimama, likanyeshewa misimu mitatu. Bati, kisha madirisha ya nondo, tukahamia bila dari. Risiti zote ninazo kwenye mfuko: milioni 62. Nyumba vyumba vinne na hakuna mtu anayenidai. Kijana, milioni 187 za riba zinajenga mtaa mzima. Achana nao.

#18 Nesi wa Temeke

Mzee wangu shikamoo. Naomba nikuulize, miaka hiyo 11 ulikuwa unaishi wapi?

#19 Mzee wa Mapinga

Marahaba mwanangu. Nilipanga Mbagala. Laki mbili na nusu miaka minne, laki tatu miaka minne, laki nne ile mitatu ya mwisho.

#20 Nesi wa Temeke

Hizo ni milioni 12, na 14.4, na 14.4 tena. Milioni 40.8 za kodi. Jumlisha na 62 inakuwa 102.8. Bado hatujahesabu nondo zilizoibwa, tofali zilizooza na mvua, na safari zako za kumfuata fundi. Simaanishi ulikosea, mzee. Nasema nyumba yako haikuwa milioni 62.

#21 Mzee wa Mapinga

Nondo ziliibwa kweli, tani nzima, 2014. Umeniingiza kwenye hesabu ambayo sikuwahi kuipiga. Lakini hata kwa 102, bado ni mbali sana na 267.

#22 Mwalimu wa Namba

Mzee, tuwe waadilifu kwa pande zote. 267 ni ya miaka 20. Mkopo huohuo ukichukuliwa kwa miaka 10, marejesho ni 1,340,105 kwa mwezi na jumla ni milioni 160.8. Weka na zile 15 zao, inakuwa kama 176. Hiyo ndiyo ya kulinganisha na 102.8 yako ya miaka 11. Bado wewe ni nafuu. Ila wao wangeingia ndani mwezi wa kwanza, watoto wakalelewa sehemu moja.

Mpangaji, tazama hapo tena: tofauti ya miaka 20 na miaka 10 ni 227,100 kwa mwezi. Laki mbili na ushee hizo ndizo zinazokuondolea milioni 106. Miaka 15 ni 1,174,961 kwa mwezi, jumla milioni 211.5. Kutoka 20 kushuka 15 ni elfu 62 tu kwa mwezi! Sijui kwa nini maafisa mikopo hawaweki safu hizi tatu mbele ya mteja.

#23 Karani wa Mikopo

Nitakujibu kwa nini. Kwanza, kipimo cha makato. Mshahara wa wengi hauruhusu 10. Pili, mteja mwenyewe anauliza swali moja tu: nitakatwa ngapi kwa mwezi? Ukimwonesha namba ndogo anatabasamu. Nimekaa dirisha hilo miaka tisa, walioniuliza jumla hawafiki kumi.

#24 Mhasibu Arusha

Naomba kuleta mtazamo mwingine, maana naona kila mtu anaijumlisha shilingi ya leo na ya mwaka wa ishirini kana kwamba ni ndugu mapacha. 1,113,005 ya leo si sawa na ya miaka 20 ijayo. Mshahara utapanda, bei zitapanda, makato yatabaki palepale. Mtu aliyekuwa analipa laki moja ya rehani zamani leo angeicheka. Kwa hiyo 267 ni namba ya kutishia watu.

#25 Mwalimu wa Namba

Hoja ni ya kweli, lakini uzito wake unategemea mfumuko wa bei, na wetu ni mdogo. Tangu 2018 wastani wa mwaka haujavuka asilimia 5. Mfumuko hauwezi kuila riba ya 16. Nimepunguza thamani ya marejesho yote kwa asilimia 4 kwa mwaka: zile 267 zinakuwa kama milioni 184 za leo. Si 267, sawa. Ila ni mara mbili na ushee ya mkopo, kwa fedha za leo.

#26 Mhasibu Arusha

Na kodi ya pango je? Laki 4 na nusu haitabaki laki 4 na nusu. Mwenye nyumba wa Tabata naye anasikia bei za sokoni. Na kiwanja kinapanda. Gharama ya kweli ya mkopo lazima utoe kodi uliyoepuka na thamani iliyoongezeka.

#27 Binti Pangani

Thamani inapanda kwenye makaratasi, kaka. Ile nyumba unaishi. Utaiuza ukalale wapi?

#28 Mkaazi wa Ruiru

Ndugu zetu, nawasalimu kutoka Kenya. Naona hamjagusa jambo lililoniumiza mimi: je, hiyo 16 imefungwa isibadilike, au inaelea, yaani inaweza kupanda na kushuka?

Nilichukua mkopo 2018. Wakati huo sheria ya 2016 ilikuwa imeweka kikomo, benki haikuweza kuvuka riba ya Benki Kuu kwa zaidi ya pointi nne. Nikaanza na asilimia 13. Novemba 2019 kikomo kikaondolewa. Miaka michache ikapita kwa amani, kisha Benki Kuu ikapandisha yake hadi 13 Februari 2024, nami nikajikuta kwenye 17 na nusu. Benki haikuongeza makato mara moja. Iliongeza miaka. Nilidhani nimebakiza kumi, taarifa ikaja inasema kumi na saba.

#29 Mwalimu wa Namba

Ndugu wa Ruiru ameleta kitu kizito. Wacha nikipime kwa mkopo wa Kibada. Baada ya miaka miwili deni ni milioni 78.7. Riba ikipanda kutoka 16 hadi 18, riba ya mwezi mmoja inakuwa 1,180,492. Marejesho yake ni 1,113,005. Yaani hata riba haifiki. Akiendelea kulipa kiasi kilekile, deni linakua kila mwezi na halitaisha kamwe. Ili amalize ndani ya ile miaka 18 iliyobaki lazima alipe kama 1,229,800.

Mpangaji, tafuta kwenye ofa yako maneno kama "riba inaweza kubadilika kwa hiari ya benki".

#30 Mpangaji wa Tabata

Yapo. Ukurasa wa nne. Karibu maneno hayohayo.

#31 Mbongo wa Houston

Huku Marekani watu wengi wana riba iliyofungwa miaka 30, haibadiliki hata pointi. Lakini msidhani ni bure. Jirani yangu alikopa dola 300,000 mwaka 2021 kwa asilimia 3. Analipa 1,265 kwa mwezi, jumla itakuwa kama 455,000. Mimi nilichelewa, nikakopa kiasi hichohicho 2023 kwa asilimia 7. Ni 1,996 kwa mwezi, jumla 718,500. Nyumba zinafanana, ukuta kwa ukuta. Na huku Texas kodi ya majengo kwa mwaka ni maelfu ya dola, nikisoma habari za 1,500 ya LUKU natamani kurudi.

#32 Ally Mtoni

Rudi mkuu, nondo za Mzee wa Mapinga zinakusubiri.

#33 Ustadhi wa Tandika

Assalaam alaykum. Ndugu mtoa mada, kuna njia nyingine ambayo hujaitaja. Benki zinazofuata sharia hazikukopeshi fedha. Benki inainunua ile nyumba, kisha inakuuzia kwa bei ya juu mliyokubaliana, unalipa kwa awamu. Hiyo ni murabaha. Au mnaimiliki kwa ubia na sehemu yake inapungua kadiri unavyoinunua. Kwenye murabaha bei yote inajulikana siku ya kwanza, haipandi mtu akipandisha riba huko juu. Yaliyompata ndugu wa Ruiru yasingempata.

#34 Kamanda Ubungo

Waalaykum salaam. Ustadhi, nilipeleka maombi huko nikalinganisha. Bei ya mwisho haikuwa mbali na ya benki ya kawaida. Jina limebadilika, hesabu ni ileile.

#35 Ustadhi wa Tandika

Hesabu inaweza kukaribiana, sikatai. Mkataba ndio tofauti. Kuuza kitu kwa faida ni biashara, kukodisha fedha ni riba. Na kwa Mpangaji ambaye ukurasa wake wa nne unamruhusu mtu mwingine abadilishe bei baadaye, tofauti hiyo si ya jina.

#36 Mwalimu wa Namba

Niongeze swali moja tu la kuuliza huko: ukimaliza mapema, faida ya miaka usiyoitumia unasamehewa au unalipa bei yote? Lipate kwa maandishi.

#37 Mtoto wa Magomeni

Mimi nataka kujua kwa nini ni 16. Kwa nini si 8? Huko Houston wanalia kwa 7.

#38 Karani wa Mikopo

Kwa sababu ya chanzo cha fedha. Mteja anaweka amana ya miezi mitatu au mwaka, wewe unataka miaka 20. Benki inabeba hatari hiyo. Ndiyo maana ilianzishwa kampuni ya TMRC (Tanzania Mortgage Refinance Company) mwaka 2010, kuzipa benki fedha za muda mrefu za mikopo ya nyumba. Wakati huo riba ilikuwa 22 hadi 24. Sasa ni 15 hadi 19. Imeshuka, ila taratibu. Na hatifungani ya serikali ya miaka 25, yaani serikali yenyewe ikikopa, ilikuwa inalipa asilimia 15.95. Ukiwa benki, serikali inakupa 15.95 bila kukusumbua, kwa nini umpe mtu wa Tabata kwa 12?

#39 Mhasibu Arusha

Hiyo haikamiliki, karani. Mwaka 2022 Benki Kuu ilishusha hatifungani hiyohiyo ya miaka 25 hadi 12.56. Riba za nyumba zilishuka pointi tatu? Hazikushuka. Julai 2025 Benki Kuu ilishusha riba yake hadi 5.75, nayo bado sijaiona kwenye ofa ya mtu. Sababu ni ushindani. Soko la mikopo ya nyumba ni dogo mno, mteja hana pa kukimbilia.

#40 Mzee wa Mapinga

Nyote mmesahau historia. Tulikuwa na Benki ya Nyumba, THB, tangu 1973. Watu wakakopa na hawakurudisha. Ikafa 1995. Baada ya hapo nani angethubutu? Mpaka sheria ya rehani ya 2008 ndipo benki zikarudi polepole. Riba mnayolipa leo inabeba na madeni ya wale wazee wenzangu.

#41 Wakili Mstaafu

Mzee yuko karibu na ukweli lakini si madeni ya zamani, ni mashauri ya leo. Sheria inampa mdaiwa notisi ya siku 60 kabla nyumba haijauzwa, na ni haki. Lakini kesi ikishafika mahakamani kwa zuio inaweza kukaa miaka. Mwingine anakuja kusema hakutoa ridhaa kama mwenza. Benki inaweka gharama ya kusubiri huko ndani ya riba ya kila mtu, hata ya yule anayelipa vizuri. Mpangaji, kwa kuwa mnasaini wote wawili hilo halitawasumbua. Ila angalieni hati: imebakiza miaka mingapi, na je, nyumba ina hati yake au bado ipo chini ya hati mama, ile moja ya mradi mzima?

#42 Mtoto wa Magomeni

Kwa hiyo ni amana, ni ushindani, ni THB au ni mahakama?

#43 Wakili Mstaafu

Chagua, kijana. Mimi nimeona ya mahakama kwa sababu nimekaa huko.

#44 Binti Pangani

Nimesita kuandika hili. Kaka yangu alikopa milioni 50 kwa masharti kama ya Mpangaji, 16 na miaka 20. Alilipa miaka mitano bila kukosa, milioni 41 na ushee. Kampuni ikafunga. Alipokwenda benki kuuliza salio akakuta deni limepungua milioni 2 na laki 6. Alikaa nje kwenye ngazi, akanipigia simu, akasema wameiba. Hawakuwa wameiba. Ilikuwa ni ratiba ileile ya #3, hakuna aliyemwonesha. Aliwahi kuiuza mwenyewe ndani ya zile siku 60, kabla ya mnada, akalipa deni akabaki na hela ya kuanza upya Tanga. Angejua mapema angechukua miaka 10 au angechukua nyumba ndogo.

#45 Nesi wa Temeke

Pole kwake na kwenu. Nimeomba ratiba yangu leo asubuhi kwa sababu ya uzi huu. Wamesema njoo Jumatatu.

#46 Mama Tunu

Nami niseme la upande mwingine. Mume wangu alifariki 2019, mwaka wa nne wa mkopo. Ile bima ya mkopaji tuliyokuwa tukiilalamikia kila mwaka ililipa deni lote lililobaki. Mimi na watoto tunaishi humo mpaka leo. Kama tungekuwa tunajenga kidogo kidogo kama mzee wetu, ningebaki na boma na watoto watatu. Kwa hiyo mkijumlisha gharama, hiyo nayo iingizeni, sijui mtaiandika kwa namba gani. Ila jazeni fomu ya afya kwa ukweli. Jirani yangu walificha presha na bima ikakataa.

#47 Mzee wa Mapinga

Pole sana mwanangu. Mungu amrehemu. Hilo sikulifikiria.

#48 Mwalimu wa Namba

Pole dada. Nami sina namba ya kuweka hapo.

#49 Fundi Chuma

Mpangaji, kama mtakwenda Kibada nitafute kabla hamjasaini, nikakague nyufa na paa. Nyumba za mradi nyingine zinahitaji matengenezo mwaka wa tatu, nayo ni hela ambayo haipo kwenye 267.

#50 Mpangaji wa Tabata

Wakuu, mrejesho. Leo tumekaa benki saa mbili. Tumeomba safu tatu za Mwalimu. Afisa alizitoa kwa dakika tano, kumbe mfumo unazo. Miaka 10 imekataa, theluthi ya mke wangu haibaki. Miaka 15 imekubali. Adhabu ya kulipa mapema ipo miaka mitatu ya kwanza, baada ya hapo hakuna, na barua ya kupunguza deni la msingi wanapokea.

Ukurasa wa nne wamekataa kuufuta. Wamekubali kuandika kwamba tutapewa taarifa ya siku 30 kabla riba haijabadilika, na kwamba tunaweza kuchagua kuongeza marejesho badala ya miaka. Hati bado ipo chini ya hati mama, wanasema iko mbioni.

Mke wangu anataka tusubiri hati na tuongeze akiba mwaka mmoja. Mimi nina hofu bei itakuwa imepanda. Zimebaki siku tisa.

#51 Wakili Mstaafu

Hiyo "iko mbioni" waulize ni tangu lini.

#52 Nesi wa Temeke

Namuunga mkono mkeo.

#53 Mhasibu Arusha

Mwaka mmoja wa kusubiri ni milioni 5.4 za kodi, mkuu. Na ile akiba mtaiweka wapi?

#54 Mpangaji wa Tabata

Ndilo tunalobishania sasa hivi mezani. Fundi, Jumamosi saa nne utakuwa na nafasi? Tukutane kivukoni.